Picha ya Nesi Sebuleni

Picha ile bado iko ukutani nyumbani kwetu Ibra, hapa Oman, juu ya kabati la vikombe, na kila nikiipangusa vumbi napandwa na hasira. Aliyemo ni mama yangu mdogo, mdogo wake mama yangu tumbo moja, enzi za ujana wake. Kavaa gauni jeupe la nesi, kofia ndogo imesimama kichwani, saa inaning'inia kifuani, na anatabasamu kwa upande mmoja wa mdomo. Nyuma yake kuna kitanda cha chuma na chupa ya dripu. Chupa ile ina maji ya bomba. Kitanda ni cha kukodi. Na mama mdogo hajawahi kuwa nesi; alikuwa mwigizaji wa televisheni na sinema huko Uingereza, na picha hiyo alipigwa kazini, siku aliyokuwa akiigiza unesi.

Ibra nzima inamjua kwa unesi. Nimekua na uwongo huu, nimefundisha Kiarabu katika skuli za wasichana mpaka nikastaafu nao, na bado haujanikalia sawa. Mimi ni mtu wa maneno. Mwanafunzi akitia nukta pasipo na nukta nilikuwa namrudisha ubaoni mbele ya wenzake. Sasa fikiria mtu wa namna hiyo anaishi katika nyumba ambayo neno moja limekaa upande kwa zaidi ya miaka arobaini, na kila mgeni anakaribishwa kunywa kahawa chini yake.

Tulikuja Oman kutoka Unguja nikiwa mtoto wa kuanza skuli, baada ya mapinduzi kumwaga kila mtu upande wake. Mama yangu alikuwa ameshafariki, kwa hiyo nililelewa na bibi, mama yake mama. Mama mdogo hakuja na sisi. Jamaa yetu mmoja alimchukua Uingereza akasomee unesi, na bibi aliridhia kwa moyo wake wote, kwani unesi ni kazi ya heshima na ina thawabu zake. Alisoma mwaka mmoja, na huo hata hakuumaliza. Watu wa televisheni walikuja kupiga filamu katika hospitali waliyokuwa wakijifunzia, wakataka msichana wa kusukuma kitoroli cha dawa apite nyuma ya waigizaji. Akasukuma yeye. Wakamwambia arudie.

"Nikarudia," alinihadithia miaka mingi baadaye, "na mara ya pili nilijua kama natazamwa. Basi mwanangu, n'shakwisha hapo hapo."

Habari zilitufikia Ibra kwa mdomo wa jamaa yule alipokuja kututembelea. Maskini hakuwa na neno jengine. Akasema, "Kaacha masomo. Anacheza." Kwa Kiswahili chetu mtoto anacheza, mtu wa mpira anacheza, mwanamke wa ngomani anacheza, na mtu wa sinema naye anacheza, neno ni hilo hilo. Bibi alikuwa anapepeta mchele. Akauweka ungo chini.

"Nimempeleka mtu akasome," akasema, "kenda kucheza?"

Kisha akauchukua ungo wake, na mazungumzo yakahamia kwenye harusi ya mtu mwengine.

Lazima nieleze kuhusu Kiarabu cha bibi, kwa sababu ndicho kilichotupoteza sote. Akisoma Kurani, matamshi yake yalikuwa safi, kila herufi mahali pake. Akizungumza na majirani, ulimi ulikuwa unamgeuka. Siku moja tumekaa na wanawake wa mtaani, akashika kifua akasema, "Kalbi ya'awwirni." Alikusudia moyo wake unamuuma. Lakini moyo ni qalbi, kwa qafu inayotoka kooni. Kalbi, kwa kafu nyepesi, ni mbwa wangu. Wale wanawake walicheka mpaka wakashikana mabega, na tangu siku hiyo kila wakimkuta njiani wanamuuliza, "Mbwa wako hajambo leo?" Bibi alikuwa anacheka nao. Akifika chumbani analia. Unguja tulikuwa Waarabu, tukafukuzwa kwa Uarabu wetu. Huku tulikuwa Waswahili, tukachekwa kwa Uswahili wetu. Sijasahau, na sitaki kusahau.

Picha ilikuja miaka michache baadaye kwa mkono wa jamaa yule yule, pamoja na kanda za video. Mama mdogo alikuwa amepata kazi ya kudumu katika tamthilia ya hospitali, na ujumbe wake kwa bibi ulikuwa mfupi: "Mwambie mama, nimefika." Bibi aliitazama picha kwa muda mrefu, akaitia fremu, akaitundika sebuleni. Kanda aliziweka sandukuni. Alisema mashine ya video imeharibika. Mashine hiyo ilikuwa chumbani kwake, na ilikuwa inaharibika na kupona kwa namna yake, maana jioni tulikuwa tunasikia tamthilia za Kimisri zikilia mle ndani nyuma ya mlango uliofungwa.

Jirani wa kwanza kuiona picha alikuwa yule yule aliyeongoza kicheko cha mbwa. Akauliza ni nani. Bibi akasema ni binti yake. Akauliza anafanya kazi gani.

Bibi akaitazama picha kwanza. "Mumarridha," akasema. Nesi.

Mimi nilikuwa msichana wa darasa za juu, kichwa kimejaa sarufi, mdomo hauna breki. "Bibi umekosea," nikasema. "Siyo mumarridha. Mumaththila." Mumaththila ndiye mwigizaji.

Vidole vyake vilipita chini ya ukingo wa kanga vikalikuta paja langu. Alinifinya finyo la kuzungusha, lile la kukutoa machozi bila ya sauti. Huku usoni anamchekea jirani. "Mtoto huyu," akamwambia kwa Kiarabu chake cha kuvunjika, "maneno yanamchanganya."

Kwa miaka na miaka niliamini kwamba bibi alikosea kweli. Maneno mawili yanaanza sawa, likamponyoka lisilo lenyewe, kisha akaona haya kulisahihisha. Niliwahi hata kulihadithia skulini kama kichekesho, katika chumba cha walimu, bila ya kusema ni bibi yangu.

Kazi ya mama mdogo Uingereza ilidumu zaidi ya miaka thelathini, na ukiikusanya yote, sehemu zake alizotokea hazijazi jioni moja. Tamthilia ile ya hospitali ndiyo pekee iliyomweka. Humo alikuwa nesi wa wodi ya watoto kwa misimu kadhaa, na maneno yake mengi yalikuwa kwamba daktari anakuja sasa hivi. Baada ya hapo alikuwa chochote walichokitaka watu ambao hawakujua Unguja iko wapi. Alikuwa Mhindi mwenye duka. Alikuwa Mgiriki wa kufua nguo. Alikuwa mpiga ramli, alikuwa mama wa mtuhumiwa anayefungua mlango na kusema mwanangu hayupo, alikuwa mke wa sultani aliyefunikwa gubigubi hata angewekwa mtu mwengine mule ndani asingejulikana. Jina lake alilikata nusu ili waliweze, na hata hiyo nusu ilikuwa inapita mbio mwisho wa filamu, mkabala na maneno kama "Mwanamke wa pili kituoni".

"Na wa kwanza alikuwa nani?" nilimuuliza.

"Mzungu," akasema.

Nilikwenda kumtembelea London mara moja tu. Kulikuwa na filamu ya majambazi inarudiwa kwenye televisheni naye yumo, basi tukakaa tukaingoja kama watu wanaongoja mwezi wa Idi. Nikainama kuokota korosho iliyoniponyoka. Nilipoinua kichwa, ameshakufa.

Alicheka mpaka akajifuta macho kwa ncha ya mtandio. "Usijali," akasema, "hata mwenyewe huwa sijioni." Nikacheka na mimi, lakini ilinikata maini. Mtu mzima, ana sura ile na sauti ile, kazi yake ni kufa wakati watu wanatafuta korosho.

Siku ile ndiyo aliyoniambia habari ya kipande chake. "Kuna kimoja tu," alisema. Katika tamthilia ya hospitali kulikuwa na mtoto mgonjwa, kitanda cha dirishani, na mtoto yule anafariki mikononi mwa nesi. Mwandishi alimwandikia alie na kupiga mayowe. Yeye alimwomba mwongozaji amwachie anyamaze. Hakulia. Alilinyoosha shuka, akalikunja ncha, akalichomeka chini ya godoro, kwa uangalifu, kama vile mtoto ataamka akiona limekunjamana. Waigizaji wakubwa walisimama nyuma yake. Kwa mara ya kwanza na ya mwisho wao ndio waliokuwa nyuma.

"Kile ndicho changu," akasema. "Vyengine wachukue. Mama angekiona kile asingesema nimekwenda kucheza. Kanda si nilimpelekea?"

Nilimwambia nilichokuwa nakisikia kwa bibi: kanda ziko sandukuni na mashine ni mbovu. Akatikisa kichwa polepole na akabadilisha stesheni.

Alirudi kwetu alipofika umri wa kuigiza mabibi, maana alikuta hata mabibi wanapewa wengine. Wakala wake akaacha kupiga simu. Bibi naye alikuwa ameshavuka tisini, na mama mdogo alisema anataka kuwa karibu. Hiyo ni nusu ya sababu. Nusu ya pili aliniambia jikoni, wiki yake ya kwanza Ibra, huku akimenya vitunguu.

"Sitaki makubwa. Nataka mama aseme mbele ya watu: huyu mwanangu, mumaththila. Mara moja tu. Kisha wakitaka kunichukia, wanichukie."

Wageni wa kumpokea ndio kwanza walikuwa wamekaa, mwanamke mmoja akatoa vidonge kwenye mkoba, akamuuliza avimeze vipi, kabla ya chakula au baada. Mama mdogo akamtazama mama yake. Bibi alijitia hamnazo, akawa anamimina kahawa. Mama mdogo akavichukua vidonge, akasoma maandishi kwenye boksi, akajibu: baada ya chakula.

Basi ikawa ndiyo njia. Wakaja na miguu iliyovimba, wakaja na sukari, wakaja na wakwe zao. Akanunua mashine ya kupimia presha, kwa sababu kitu hicho alikijua. Zamani nesi wa kweli aliwafundisha waigizaji namna ya kumfunga mgonjwa kitambaa cha mkono ili wasichekwe na watazamaji. Aliyemkuta na presha ya kutisha alimkimbiza hospitali, hakumfanyia mtu ujuaji. Lakini hakuna aliyemwita kwa jina lake. Tukienda soko la Jumatano, lile la wanawake, wauza nguo walikuwa wanaacha vitambaa vyao na kukunja mikono ya magauni. "Nesi! Ya nesi!" Naye anasimama, anatabasamu kwa upande mmoja wa mdomo, kama pichani.

"Mwambie bibi aseme basi," nilikuwa namshikilia. "Au niseme mie."

"Nakusihi, usiseme wewe. Akisema mtu mwengine haina maana."

Kisha simu ikalia. Waingereza walikuwa wanapiga filamu hapa hapa Oman, mji wa Al Hamra, katika zile nyumba kongwe za udongo, na walihitaji mama mzee wa kuletewa habari kwamba mwanawe amekufa. Kipande kifupi, lakini yuko peke yake. "Uso wangu mtupu, kamera yote," mama mdogo aliniambia. "Nataka mama awepo. Akiona kwa macho yake atasema tu. Vipi ataweza kutosema?"

Alikuwa na maneno mawili ya kutamka, kwa Kiarabu: waladi, qalbi. Mwanangu, moyo wangu. Mwalimu wake nilikuwa mimi, na nilimkazania bila ya huruma. "Kooni, mama mdogo, kooni. Ukisema kalbi utakuwa unamlilia mbwa." Wiki nzima nyumba yetu ilikuwa qa, qa, qa, kama kuna kunguru jikoni. Bibi alikuwa anatusikia kutoka chumbani kwake na hakuuliza kitu.

Siku ya siku, mama mdogo alikuwa ameshatangulia na watu wake, na bibi nikampakia garini mimi. Sikumpaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Nilimwambia wazi kwamba tunakwenda kumuona mama mdogo kazini kwake. Akajifunga mkanda.

"Tupitie Nizwa," akasema. "Nataka halua."

Tukapita Nizwa, tukanunua halua, akaipakata njia nzima.

Al Hamra walimpa bibi kiti cha plastiki kwenye kivuli cha ukuta, mahali ambapo aliweza kuona kila kitu. Mama mdogo alitokea mlangoni kavaa nguo kuukuu. Kijana mmoja akamletea habari. Akashuka magoti, siyo kwa kuanguka, kwa kuisha nguvu, kidogo kidogo, mkono mmoja umeshika mlango. "Waladi," akasema, na machozi yakaja yenyewe. "Qalbi." Qafu ilitoka kooni kama nilivyomfundisha. Watu wote pale walinyamaza hata baada ya mwongozaji kusema basi. Nikamtazama bibi. Alikuwa hapepesi macho.

Mwongozaji aliomba warudie kwa sababu ya mwanga. Walipokuwa wanampangusa mama mdogo uso, hatua chache tu kutoka tulipokaa, mwanamke wa nyumba ya jirani, aliyetoka ndani ndio kwanza kutuletea kahawa na tende, akamwinamia bibi. Akamuuliza kwa Kiarabu, "Yule mama ni nani?"

Mama mdogo alisikia. Nilimuona akimsogeza yule msichana wa kumpangusa ili asizibwe sikio.

Bibi akameza tende yake, akafuta vidole. "Binti yangu," akasema. "Mumarridha. Kaja na hawa Wazungu, si unajua, wagonjwa hawakosekani."

Kisha akamrudishia kikombe. "Mikono yako imebarikiwa," akamwambia, "ya qalbi." Ewe moyo wangu.

Kiarabu kilikuwa safi. Qafu ilikuwa qafu. Katika mumarridha, ra ilikazwa panapostahiki na dhadi ilikuwa nzito kama ya shekhe. Mtu huyu ameishi Ibra nusu karne, ameshaisikia lugha mpaka imemwingia mifupani, na mimi mwalimu niliye naye nyumba moja sikutia maanani. Pale pale nikajua kwamba hata siku ile ya finyo hakukosea. Aliyajua maneno yote mawili, akachagua.

Walipiga tena. Mama mdogo akatokea mlangoni, akaletewa habari, akashuka magoti, na macho yalikuwa makavu. Wakarudia. Makavu. Mtu aliyekuwa akilia kwa amri kwa zaidi ya miaka thelathini alipiga magoti kwenye udongo wa Al Hamra na hakupata hata chozi moja. Mwisho wakamtia matone machoni.

Njiani nilishindwa kujizuia. "Neno moja tu bibi! Lingekupunguzia nini?"

"Usinifokee, miye siyo mwanafunzi wako."

"Umeona alivyofanya, hukuona?"

"Nimeona." Akaigeuza halua mapajani. "Na hao wakisikia hilo neno lako, watamuona mwanamke wa namna gani? Nilikula kicheko mie kwa mbwa. Sitokila kwa mtoto."

Filamu ilipotoka tuliitazama mimi na mama mdogo. Bibi alisema macho hayaoni. Walitumia ile ya matone. Na sauti haikuwa yake. Walimbandika mwanamke mwengine, mwenye Kiarabu cha Sham, kule Syria, akalia juu ya mdomo wake. Wiki nzima ya qafu ilitupwa. Nilitukana kwa lugha mbili. Mama mdogo alisema tu, "Magoti yalikuwa mazuri."

Baada ya hapo bibi akaanza kushuka. Kwanza miguu, halafu kula, halafu kitanda moja kwa moja. Kituo cha afya kilikuwa kinamtuma nesi nyumbani, msichana mpole wa hapa hapa Ibra. Siku moja alikuwa anabadilisha dawa, mimi nimeshika taa ya mkono kwa sababu chumba kile ni kiza hata mchana, na mama mdogo amepiga goti upande wa pili, anamfunga bibi kitambaa cha presha.

"Mwanangu naye mumarridha," bibi akamwambia yule msichana. Sauti ilikuwa nyembamba.

Msichana akafurahi. Akamuuliza mama mdogo alikuwa hospitali gani huko Uingereza.

Nilisema moyoni, leo itamtoka. Mama mdogo akaitaja hospitali kwa jina. Ilikuwa ni ile ya tamthilia. Hospitali hiyo haipo Uingereza wala popote. Ilikuwa na kuta tatu, na mahali pa ukuta wa nne palikaa kamera. Msichana akaitika kwa adabu kama anayeijua.

"Wodi ya watoto," bibi akasema.

Macho yake yalikuwa yamefumbwa. Alikuwa anasema kwa Kiarabu, na yule msichana ndiye aliyekuwa akimwambia. "Mtoto alimfia mkononi. Kitanda cha dirishani. Hakupiga kelele, hakulia. Alilinyoosha shuka, akalikunja ncha, akalichomeka. Hivi." Na mkono wake mkavu ukatoka, ukashika ukingo wa blanketi lake mwenyewe, ukalikunja, ukajaribu kulichomeka chini ya godoro.

"Mungu amrehemu mtoto yule," msichana akasema.

Mama mdogo alikuwa ameshika pampu ya mashine hata haibonyezi. Alikuwa anangoja. Nilimuona wazi anangoja mama yake afumbue macho, amgeukie, amwambie hilo hilo kwa Kiswahili, yeye mwenyewe, si mgeni. Bibi akageukia ukutani akaomba maji.

Nilimkuta mama mdogo jikoni baadaye, anaosha kikombe ambacho kilikuwa kimeshaoshwa.

"Aliiangalia kanda," akasema. "Miaka yote hiyo. Aliangalia, akakaa nacho."

"Na leo kakitoa kuutilia nguvu uwongo wake," nikasema. Sikuweza kusema kwa upole, sikuwa nao. "Kipande chako kimoja, mama mdogo. Kimoja tu ulichokuwa nacho. Kakifanya ushahidi wa unesi."

"Najua."

"Nenda kamuulize! Bado ana akili zake."

"Nitamuuliza nini? Nilikuwa mzuri, mama? Mtu wa miaka sabini?" Akakigeuza kikombe, akakisuuza tena. "N'ache kidogo."

Hakumuuliza. Nilikuwa nawasikiliza kila siku, napita mlangoni na nguo za kukunja zisizohitaji kukunjwa, nikitaraji mmoja wao atafungua mdomo. Walizungumza uji, dawa, joto la chumba. Bibi akafariki asubuhi moja ya Ijumaa, mama mdogo amemshika mkono, na neno halikusemwa.

Nilipofungua sanduku kutafuta sanda aliyojiwekea, nilizikuta kanda. Maboksi yake yamechakaa kwa kushikwashikwa. Moja ilikuwa imekatika mahali fulani ikaungwa kwa utepe wa gundi, ikakatika tena ikaungwa tena. Sikuona huruma, nisiseme uwongo. Nilimkasirikia maiti, Mungu anisamehe, na nikaifunika kanda kwa mashuka kabla mama mdogo hajaingia.

Kwenye azaa, matanga ya bibi, wanawake walijaa sebuleni wakakaa chini ya picha. Kahawa ikazunguka. Yule jirani wa mbwa, ambaye naye sasa ni kikongwe anayeshikwa mkono, alikaa mbele yetu akaitazama picha, akamtazama mama mdogo, akasema kwa sauti ya kusikiwa na wote, "Mungu amrehemu, alijaaliwa. Wangapi wanafariki na binti yao nesi pembeni?"

Wakaitika chumba kizima.

Mimi nikaona basi, aliyekuwa akizuia amekwisha kuzikwa. Nikavuta pumzi. "Mama mdogo hakuwa mumarr..."

Vidole vilipita chini ya mtandio vikalikuta paja langu. Lilikuwa finyo la kuzungusha, pale pale, na mama mdogo usoni anamchekea jirani kwa upande mmoja wa mdomo.

"Usiniharibie mchezo," aliniambia kwa Kiswahili, polepole, bila ya kunitazama.

Kisha akaomba aletewe mashine yake ya presha. Akasogea kwa magoti mpaka kwa yule kikongwe, akamkunjia mkono wa gauni, akamfunga kitambaa, akatazama namba huku sisi sote tukimtazama yeye. Akamwambia kwa Kiarabu kwamba iko juu kidogo, apunguze chumvi.